Nyumba ya Mzee Abdulrasul

Kimara, Dar es Salaam
9 Juni 2024

Mpendwa Baba,

Shikamoo. Natumaini goti limepata nafuu, na Mama anaendelea vizuri na dawa zake za presha. Sisi huku hatujambo. Mkweo Venance anakusalimia sana, na watoto kila siku wananiuliza Babu atakuja lini. Barua hii nimempa jirani yetu Adelard, anayepanda basi la Masasi kesho. Najua utashangaa kwa nini sikupiga simu. Nilipiga mara mbili, nikaishia kukuuliza habari za mvua.

Kwanza pokea habari njema: nyumba imebaki yetu. Wiki tatu zilizopita mahakama iliamuru isipigwe mnada.

Unakumbuka ilivyoanza. Mwezi wa pili dalali wa mahakama alibandika tangazo ukutani kwamba nyumba itauzwa baada ya siku kumi na nne. Deni halikuwa letu. Mzee Abdulrasul alituuzia nyumba hii, na miaka miwili baadaye duka lake la vifaa vya ujenzi likafilisika. Tajiri aliyekuwa akimpa saruji kwa mkopo alimshtaki akashinda, na watu wake walipopekua kumbukumbu za ofisi ya ardhi wakakuta hati bado ina jina la mzee. Mteja mmoja aliniuliza, nywele nimemsuka nusu, kama na vioo vya saluni vitapigwa mnada.

Wote mkamlaumu mzee. Wewe ulisema ni tapeli, ameacha jina lake makusudi. Venance alikwenda hadi kwenye fleti anakoishi na binti yake Sania, akamwita mwizi pale kwenye ngazi, majirani wakisikia. Mzee alimsikiliza mpaka mwisho. Sania ndiye aliyefunga mlango.

Mama mmoja wakili, wa msaada wa kisheria, alituwekea pingamizi mahakamani. Wadai, yaani yule tajiri na watu wake, wakasema mkataba wetu umetengenezwa juzi ili kuficha mali ya mzee. Wakili akatuambia anayeweza kutuokoa ni mzee mwenyewe, na kwamba atampigia simu. Venance alicheka kwa uchungu. Baada ya matusi yale, nani angekuja?

Alikuja, Baba. Aliingia ameshikwa mkono na Sania, shati jeupe limepigwa pasi, ana bahasha ya kaki. Aliapa, akasema nyumba alituuzia wakati hadaiwi na mtu. Ndani ya bahasha kulikuwa na fomu ya kuhamisha umiliki, imesainiwa na kugongwa muhuri wa wakili mwezi uleule tuliomaliza kumlipa. Hakimu aliigeuza mbele na nyuma, akaisoma upya. Hiyo ndiyo iliyotuokoa. Yeye haikumfaa kwa lolote, maana walipoikosa nyumba, wadai waligeukia gari lake wakalichukua.

Sasa, Baba, hapa ndipo paliponishinda kwenye simu. Wakili wa wadai alimuuliza mzee kwa nini fomu hiyo imekaa kwake miaka yote. Akajibu taratibu kwamba alinipigia mara tatu niende kuichukua, nikasema nina shughuli, naye akaona si vizuri kunisumbua. Ni kweli tupu. Ile hela ya korosho uliyotuma ya kubadilisha hati, mimi niliijengea fremu ya saluni. Wewe na Venance nikawaambia mzee ananizungusha. Tangazo lilipobandikwa nikawaacha mumtukane, nikanyamaza.

Venance aliyasikia palepale, amekaa pembeni yangu. Tulipofika nyumbani akasema kesho yake tutakwenda wote kuomba radhi. Nilijiandaa kwa maneno makali. Mzee alimwambia Sania alete chai, akatuacha tuseme yote tuliyokuwa nayo. Nilipomuuliza kwa nini alikuja mahakamani, alinitazama kama vile hakuelewa swali.

"Nyumba nilishawauzia, mwanangu," alisema. "Ningenyamaza, ningekuwa nimeiuza mara mbili."

Nikaanza kulia. Sania akanisogezea sukari.

Tangu siku ile namshukuru Mungu kwa ajili yake. Namshukuru na Venance pia, ambaye hajalirudia jambo hili hata siku moja, na ndiye anayenisindikiza ofisi ya ardhi. Ada ya hati nalipa mwenyewe, kwa hela ya saluni.

Nina ombi, Baba. Ulimtaja mzee kwa jina pale jumuiyani, ukaomba watu wasali tuokolewe na tapeli. Nakuomba usimame tena mbele ya watu walewale, uwaambie tapeli hakuwepo. Aliyekosa ni binti yako. Najua utaona aibu. Mzee aliibeba miezi mitatu, na haikuwa yake.

Nisalimie Mama, dada Recho na wote wa hapo nyumbani. Mungu akutunze kwa ajili yetu.

Ni mimi mwanao, ninayekuomba msamaha,
Editha