Bonde Lililovuliwa Waya

Nakhl, Jumatatu

Kwa dada yangu Fraija binti Msallam,

Salamu zikufikie ukiwa mzima, wewe na binti yako Rayya na mumewe na wote mnaolala chini ya hema moja. Goti lako linaendeleaje tangu baridi ianze? Mke wangu amekufungia majani ya shiha ya kuchemsha, ameitia kwenye mfuko huu pamoja na barua. Unywe asubuhi kabla hujala kitu. Mvua huku bado. Sisi hatujambo, ila nivumilie mwandiko.

Nina ombi. Najua Rayya ndiye anayekusomea siku hizi. Asome mpaka pale nilipopiga mstari, halafu umnyang'anye karatasi usome mwenyewe, hata ikikuchukua siku nzima.

Habari zenyewe ni hizi. Mwezi uliopita alinijia mama mmoja msomi kutoka Denmaki, jina lake Ragnhild, mtu wa miaka sitini na kitu, mwembamba kama ufito. Watu wa kisimani walimpa jina la Mama Daftari siku ile ile, kwa sababu hata akipiga chafya anaiandika. Anachunguza safari ya Bani Israili walipotangatanga na Nabii Musa katika jangwa letu hili la Tih. Wenzake, aliniambia, huzipima safari hizo kwa ramani wakiwa wamekaa vitini. Yeye anataka kujua kwa miguu: watu wenye wazee na mifugo wanatembea kiasi gani kwa siku kabla mbuzi hawajalala chini na kugoma? Basi alitaka mbuzi, na mtu wa kuwachunga. Nikachukua mbuzi wangu kumi na ngamia wawili, tukaondoka.

Nilimpenda, dada. Hakuwa na majivuno. Siku ya tatu tulifika kwenye kisima kichungu, akateka, akanywa funda zima, uso ukamkunjamana kama mtoto aliyepewa dawa. Akasema, "Sasa nawaelewa walivyomnung'unikia Musa. Mimi ningemrushia na kiatu." Tulicheka mpaka ngamia wakageuka kututazama.

Siku ya nne asubuhi alifungua ramani akaweka kidole juu ya Abu Tarfa. Alisema kwa kupita bonde lile tungepunguza nusu siku, na watu wenye kiu wasingelizunguka wakati majani mabichi yanaonekana. Nilimwambia kuna nyoka. Baada ya kitambo nikamwambia kuna majini. Tulipozidi kukaribia nikamwambia askari hawapendi watu wapite.

Akasimama, akavua miwani. "Auda, umenitajia nyoka, majini na askari. Nichagulie kimoja nikiogope vizuri."

Wewe unajua ni kitu gani ambacho sikukitaja. Kila mtu wa kwetu anajua kwamba Abu Tarfa kuna mabomu ya kutegwa tangu vita, na ninyi nyumbani kwenu mnajua kuliko wote. Nilikuwa na sababu ya kutolitamka neno lile, na nitaifikia. Nilisema tu kwamba tutazunguka kwa juu, basi. Akakubali, akanung'unika, akaandika.

Lakini mbuzi hawakuambiwa. Walikuwa hawajaona jani bichi kwa siku mbili. Zarga, yule jike mweusi anayewaongoza, alinusa miti ya tarfa kutoka ukingoni, akateremka, na wenzake wote nyuma yake. Mimi nilikuwa nakaza mkanda wa ngamia. Nilipoinua kichwa, Mama Daftari alikuwa ameshashuka nao, anakimbia nyuma yao kwa vile viatu vyake vikubwa, akipiga makofi na kuita "hrr! hrr!" kama nilivyomfundisha.

Nilipiga ukelele. Sijui nilisema nini. Ardhi ikanijibu kabla yake.

Moshi ulipopungua nilimwona amesimama wima, mikono juu, hajaguswa. Zarga hakuwepo tena. Mbuzi wengine walikuwa wametimka kupitia upande wa pili. Yule mama alikuwa katikati, kama hatua mia kutoka kwangu, na alikuwa ameshaelewa.

"Auda," aliita, kwa sauti ndogo sana, "mguu huu nauweka wapi?"

Dada, nitakuambia kweli, maana leo sina jingine la kukuambia. Jambo la kwanza nililolifikiria lilikuwa kukimbia. Ngamia walikuwa wawili, njia naijua, na nani angeniuliza? Nilijikuta nimeshaikamata hatamu. Kisha nikaiachia, nikakaa chini, na nilipokuwa nimekaa pale nikaona nyayo za viatu vyake mchangani, zimepangana mpaka alipo. Nikasimama. Nikavua makubadhi, nikaingia, nikiweka mguu wangu ndani ya wayo wake, mmoja, halafu mwingine. Jasho lilinitiririka mpaka machoni na sikuthubutu kulifuta, nisije nikayumba. Nilisoma kila aya niliyoijua, nikazichanganya.

Nilipomfikia, nikamwambia ashike mkanda wangu na asikanyage ila nilipokanyaga. Tukageuka. Hapo ndipo upepo wa mchana ulipoanza. Unaujua upepo wa Tih: hauji kwa kishindo, unatambaa chini kama mtu anayefagia. Niliziona nyayo zetu zinajaa mchanga mbele ya macho yangu. Tulitembea nusu ya njia, kisha zikawa kama vivuli, kisha zikaisha. Mbele yetu ukabaki mchanga laini usio na alama, kama hatua thelathini hivi.

Nikasimama. Nikaona kitu cheusi, punje tatu, halafu nyingine mbele. Mavi ya mbuzi! Upepo ulifuta nyayo lakini punje zilikuwa nzito kidogo, zimebaki. Palipokanyagwa na mbuzi kumi pasilipuke, nasi tungejaribu. Tulitoka punje kwa punje, na katikati ya hofu ile yule mama akaninong'oneza mgongoni, "Wale wa Musa waliongozwa na wingu. Sisi tumepewa hiki."

Tulipofika kwenye mwamba alitapika, kisha akalia, kisha akaniuliza nilijuaje kwamba pana mabomu. Nikamwambia zamani palikuwa na waya na mabati mekundu ya kuonya. Akaniuliza nani aliyeyaondoa.

Swali hilo ndilo nililokuwa nikilikimbia tangu asubuhi; nikarudi kukaza mkanda wa ngamia. Alinitazama kwa muda mrefu, akafunga daftari bila kuandika.

——————

Fraija, sasa uko peke yako.

Ni mimi. Mwaka ule baba aliponigawia mbuzi wangu wa kwanza, fisi aliwala wawili, na sikuwa na kitu cha kujengea zizi. Nilikwenda Abu Tarfa na punda, siku mbili, nikang'oa waya upande wote wa kusini. Mabati nikayapindua rangi ndani, nikaezekea. Nilijiambia kila mtu anapajua pale.

Baada ya miaka miwili mumeo Swelim alifuata ngamia aliyepotea. Alikuwa mtu wa pwani, hakupajua kama sisi. Angaliuona waya angalisimama. Watu walipouliza waya umekwenda wapi, yupo aliyesema umechukuliwa na mafuriko, na wote wakaamini. Aliyesema wa kwanza nilikuwa mimi, mbele ya jeneza.

Ulikaa eda kwangu, miezi minne na siku kumi. Kila asubuhi ulifungua zizi lile ukakamua. Siku moja waya ulikukata kidole, nikakufunga kitambaa, nawe ukaniombea dua. Miaka kumi na miwili sijaweza kuisahau dua ile.

Juzi na jana nimezungushia bonde mawe yaliyopakwa chokaa, na waya nimeurudisha, ule uliobaki.

Ijumaa baada ya alasiri nitakuja. Nitamfunga ngamia mbali, mahali wanapofunga wageni. Ukiniwekea kahawa sitainywa mpaka uniambie unataka nini kwangu. Usiponiwekea, nitajua umenikataa, nami nitakwenda moja kwa moja kwa ndugu zake Swelim nikaseme mwenyewe, nao watanipeleka kwa kadhi wa kabila. Naogopa, dada. Abu Tarfa niliogopa kidogo kuliko hivi.

Nisalimie Rayya, umwambie ninampenda, kama utaona inafaa kumwambia. Mungu akulinde na baridi.

Ni mimi, mwana wa mama yako, na ndugu yako mpaka utakaposema vingine,

Auda bin Msallam