Makoti ya Mtumba na Mkasi Wangu

Mjukuu wangu Felista,

Marahaba. Huku baridi kali, ulezi tumevuna, babu yako anakohoa lakini ubishi haujapungua.

Unauliza kama ushonaji utakulisha wakati nguo za nje zimejaa. Mitumba ilipoingia Sumbawanga, miaka ya ruksa, biashara ilipofunguliwa, mafundi wenzangu walikunja vitambaa wakarudi shamba. Mimi nilibeba cherehani hadi sokoni, nikaiweka kando ya robota la makoti. Mama mmoja wa Kaengesa akajaribu koti, mikono ikameza vidole vyake.

“Fundi, nipunguzie!”

Kufika jioni, foleni iligusa wauza dagaa. Makoti yalishonwa Ulaya, lakini miili ilikuwa ya hapa, na mwenye futi shingoni nilikuwa mimi.

Mkasi niliopunguzia makoti yale nimekutumia kwa basi. Unoe, uanze.

Bibi yako