Pombe Uliyoinywa Kitahana

Kasulu, Jumapili

Kaka Tharsisi,

Huku tu wazima. Maharage yamekubali na mbuzi wako amezaa mapacha. Hizo ndizo habari njema, zifurahie kwanza.

Binti yako Divine yuko kwangu. Chuo hajaacha. Amemwacha mwenye hosteli alimokuwa akikaa, yule bwana wa suti aliyekuletea pombe ya ndizi huko Kitahana, mkainywa kwa mirija kutoka mtungi mmoja, ukamwita mkwe. Mkwe gani ana mke na watoto hapa hapa mjini? Alimwambia binti yako, "Baba yako ameshakunywa, huna tena la kukataa." Akaamini, maana ndivyo tulivyomlea.

Ulijisifu kwamba mkwe wako ana adabu kwenye simu. Hukushangaa kuwa simu ya mwanao anaipokea yeye? Mimi nilishangaa. Kanisani Divine haji, na darasani anasinzia kwa sababu usiku anahudumia wageni wa baa ya huyo bwana. Nikamfuata, nikamleta nyumbani. Sikumhoji. Nilimpa chakula na kitanda, na alipotaka kusema, nilimsikiliza. Mengine akupe mwenyewe akipenda. Kesho naenda naye polisi, dawati la jinsia.

Wewe pika pombe, umrudishie mtungi wake, uchumba uvunjike, mbele ya wale wale mliokunywa nao. Kinywa kilichojua kunywa kijue na kusema.

Divine ameniuliza swali moja tu, kama ulijua hayo ulipokunywa. Sijamjibu. Njoo umjibu.

Dada yako,
Immakulata