Marehemu Hana Cheo cha Kupandishwa

Kaka Sefu,

Shikamoo. Sikuulizi hali, hali yako sasa anaijua Mola wako. Nakuandikia kwa sababu nina hasira, na mtu niliyezoea kumpelekea hasira zangu ni wewe.

Kesi yetu bado ipo. Ndiyo, ile ile. Tangu tukuzike imeahirishwa mpaka nimechoka kuhesabu. Mara jaji yuko safarini, mara wakili wa chuo anaumwa, mara jalada halionekani. Mimi na Mbwana, wadai wenzako tuliobaki, tunavaa vizuri, tunakwenda, tunakaa kwenye benchi la korido, tunarudi. Chuo hakina jipya. Wanashikilia kwamba mhadhiri akipata shahada ya uzamivu hapandishwi mshahara mpaka bajeti iruhusu. Ukiwauliza mbona waraka wao wenyewe unasema apandishwe tangu siku aliyotunukiwa, wanajibu kwamba waraka unahitaji tafsiri. Tafsiri! Umeandikwa kwa Kiswahili cha kawaida kabisa.

Kuna jambo limenikaa rohoni. Siku uliyofariki chuo kilitoa tangazo la tanzia lenye picha yako, na kabla ya jina wameandika Daktari, kwa herufi kubwa, na kwamba pengo lako halizibiki. Haukupita muda, wakili wao akasimama mbele ya jaji akakuita "Bwana Sefu", akasema shahada yako bado haijatambuliwa na mwajiri. Nusura nipige kelele mle ndani. Ulipokuwa hai hukuwa daktari, ulipokufa ukawa, ulipofika mahakamani ukavuliwa tena. Pale chuoni aliyekuwa na msimamo ni mlinzi wa getini peke yake. Unakumbuka siku uliporudi na shahada yako, alivyokuita Dokta kisha akapandisha suruali akuonyeshe goti? Hukumwambia kwamba udaktari wako ni wa hesabu. Ulikwenda dukani Mabawa ukamnunulia dawa ya kuchua, na mpaka leo anawaambia watu wewe ndiye uliyemponya.

Sasa nisikie. Mwezi uliopita chuo kilileta pendekezo la kumaliza kesi nje ya mahakama. Mimi na Mbwana tupandishwe mara moja, na malimbikizo ya nyuma tulipwe nusu. Sharti lao ni kwamba jina la mdai wa kwanza liondolewe. Yaani wewe. "Marehemu hana cheo cha kupandishwa," wakili wao alisema, tena kwa upole, kama mtu anayetupa pole. Maana yake unaielewa. Mafao ya Bi Zuhura na watoto yatakokotolewa kwa mshahara wako wa zamani, kana kwamba ile miaka uliyohangaika na utafiti haikuwepo.

Mbwana anataka. Simlaumu, amekaribia kustaafu na amechoka. "Hata Sefu angetaka tumalize," akawa ananiambia kila tukikutana. Na mimi, kaka, nilitaka. Paa la nyumba ya mama kule Mkwaja linavuja, nami nilishaanza kuulizia bei ya mabati.

Nikaenda Chumbageni kumwambia mkeo. Bado amekaa eda, hatoki, nikamkuta chumbani anachambua mchele. Nilizunguka sana, kaka. Nikamweleza habari ya mafao, nikamweleza hali ya Mbwana, nikamalizia kwa maneno ya kuazima, kwamba hata wewe ungetaka tumalize. Akaweka ungo chini. "Wifi, ukitaka kutia sahihi, katie, nawe una mzigo wako. Ila usimlishe Sefu maneno. Hayupo, wala hawezi kukukatalia." Kisha akauchukua ungo wake, akaniuliza kama nimekula.

Nilitoka pale nimeona haya, tena nimekasirika, sijui hata nimemkasirikia nani. Wewe pia nilikukasirikia. Kwa nini ulikubali jina lako litangulie? Kwa nini ufe kabla ya hukumu, mtu hata kuugua hukuugua? Nililia barabarani kama mtoto, watu wananitazama.

Sikutia sahihi. Chuo kilitaka sahihi zetu sote wawili, basi pendekezo limekufa na tumerudi kwenye benchi letu. Mbwana siku hizi ananiitikia salamu kwa kichwa tu. Mama bado anakinga maji ya mvua kwa beseni sebuleni. Bi Zuhura akimaliza eda, wakili wetu ataomba aingie kwenye kesi kwa niaba yako, nami nitampitia nyumbani twende pamoja. Huenda tukashinda. Huenda tukakosa sote, hata ile nusu tuliyopewa tukaikataa, na hilo linanikosesha raha kila ninapolifikiria.

Nakuaga, kaka. Allah akurehemu, akupanulie kaburi lako. Ninachokuahidi ni hiki: watu wakiniuliza kwa nini nilikataa, sitasema ndivyo ulivyotaka wewe. Nilizitaka sana zile fedha, na nimekataa mwenyewe.

Dada yako,
Mwanaisha