Mahakama Imenirudisha kwa Mama Mkwe

Zefania, kesi ya shule imetupwa. Hakimu kasema mahakama haina mamlaka.

Nimetoka sasa hivi. Kasema ugomvi wa nani awe mwenyekiti wa bodi hauanzii kwake. Katiba ya shule inataka uanzie kwa waanzilishi.

Waanzilishi! Aliyebaki hai ni nani? Bi Fatu. Mama mkwe wangu. Mama yake huyo huyo Khalfani ninayegombana naye.

Na wiki iliyopita nilisimama pale pale, nimeshika msahafu, nikasema, "Bibi huyu shule haijui, anajua kukamua mawese tu." Kumbe alikuwa benchi la nyuma, kajifunika kanga!

Leo kanisubiri mlangoni pa mahakama. Khalfani anacheka, "Shemeji, umepanda mlima wote ukateremkia kwetu!" Mama hakucheka. Kasema taratibu, "Karibu nyumbani, mkwe. Uje na funguo. Utanikuta nakamua mawese."

Utanikuta nakamua mawese! Ndugu yangu, mimi hata kula mbele ya mama yule sijawahi. Nitamtazamaje? Naogopa kuliko nilivyomwogopa hakimu.

Makufuli ya madarasa niliweka mimi, nikingoja hukumu. Kidato cha nne wana mtihani mwezi ujao, na Nasma wangu yumo.

Basi hesabu ni hii: kesi imekwenda, shule imefungwa, mwanangu anasomea jikoni, na mke wangu kapanda bodaboda moja na mama yake bila kugeuka.