Mzee Jabali Ameingia Tena

Mama yangu kipenzi,

Jana jioni nilimwona mzee wako. Amezeeka, mama! Ndevu nyeupe pe, mgongo umeinama, ila ukali wa macho ni ule ule. Laiti ungekuwepo hapa ugenini, mtaani kwetu Rosettenville, unisimulie tena tangu mwanzo: ujanani jambazi wa kupigwa kila filamu, akaja kuigiza askari, kisha baba mkorofi, sasa babu. Jina la huyo Mkorea hukulijua wala hukulitaka. Kwenye zile DVD ulizotoka nazo Tanga, msimulizi wa Kiswahili alimwita Mzee Jabali, basi yakaisha. "Huyu nimezeeka naye," ulikuwa ukisema huku ukimenya viazi, nami niko kwenye cherehani.

Zawadi alikaa miguuni pako. Alielewa kila kitu, ila ukimuuliza, jibu ni Kiingereza. Uliumia. "Nimekuja kote huku kuishi na mjukuu wangu, ananijibu kama karani wa uwanja wa ndege!" Mimi nilicheka. Wewe hukucheka.

Hadi Jumamosi ile Mzee Jabali alipouawa kwenye filamu. "Uwii, wameniulia mtu wangu!" Ukaangua kilio cha kwetu, cha kusikika mtaa mzima. Mama Furaha, jirani yetu msusi Mkongo, akaingia na kitenge mabegani na paketi ya sukari, machozi tayari.

"Pole sana, mama. Ni nani alikufa?"

Wewe kwikwi imekukaba, mimi sina mbavu kwa kicheko. Ndipo Zawadi akasimama: "Eish, Mama Furaha, bibi hajafiwa! Yule mzee ni wa kwenye filamu. Atafufuka kwenye nyingine."

Kiswahili, mama! Papo hapo ulimkumbatia mtoto mpaka akalalamika. Tukanywa chai kwa sukari ya msiba.

Mwaka jana ulipotutoka, Mama Furaha alikuja tena na sukari. Safari hii hakuuliza.

Filamu ya jana haikuwa na msimulizi, maandishi ya Kiingereza tu chini. Mimi na kusoma mbio mbio, wapi na wapi! Zawadi akanikalisha, akakohoa kidogo kama ulivyokuwa ukikohoa wewe kabla ya kusimulia, akaanza: "Kaa vizuri mama, mzee wetu huyoo anaingia!" Akanisimulia hadi mwisho, na nilipomkatiza kwa maswali, alinijibu yote kwa Kiswahili.

Nimefurahi, mama. Pumzika sasa, mjukuu wako anajibu.

Ni mimi mwanao,
Mama Zawadi