Mama Anampigia Yule wa Kwenye Simu

Mpendwa mshauri, naomba msaada wako kwa jambo ambalo hata kwenye shajara yangu, ninayoiandika kila jioni, nimeshindwa kulipanga likapangika. Nafanya kazi ya huduma kwa wateja katika kampuni ya maji, na ile sauti inayowapokea watu wakipiga, "Karibu, tunakujali, tafadhali subiri," ni yangu, niliirekodi mwaka juzi, na tangu hapo nimekuwa watu wawili: yule wa kwenye simu ni mpole na hachoki, na huyu anayerudi nyumbani anavua viatu, hana neno la kumwambia mtu, na simu za mama yake anaziacha ziite mpaka zikatike. Mdogo wangu ameniambia kwamba mama siku hizi hupiga namba ya kampuni, huisikiliza ile sauti mwanzo hadi mwisho, kisha hukata kabla mhudumu hajapokea. "Yule ana adabu," mama humwambia, "na anapokea." Nikaona aibu, na Jumapili mama aliponipigia nikawahi kupokea, lakini kilichonitoka mdomoni ni, "Karibu, nikusaidie nini?" Mama akasema taratibu, "Samahani dada, nilikuwa namtafuta mwanangu," akakata. Tangu hapo hapigi kwangu wala kwa kampuni. Mshauri, huyo mwanawe nimtoe wapi?

Mimi, Sauti ya Kupokea

Pole, mwanangu. Kuchangamkia watu kutwa nzima kunamaliza maneno, na anayekosa ni wa nyumbani. Lakini nawe umezidi! Mama mzima apange foleni na wenye mabomba yaliyopasuka ili amsikie mtoto aliyemzaa? Na usinidanganye kwamba mko wawili. Upole ule hukuupewa na kampuni. Uliutoa kwa mama yako, ukaupeleka wote kazini.

Usimwandalie hotuba. Mpigie kesho asubuhi kabla hujaoga, sauti ikiwa bado inakwaruza, umwambie, "Mama, ni mimi, nimechoka." Akikugombeza, mwache agombeze. Ukikosa la kusema, nyamazeni pamoja, ila usikate wewe. Na akikuuliza kwa kejeli, "Dada, unapiga kutoka kampuni ya maji?" basi cheka. Kicheko chako hujakirekodi popote, hicho atakitambua.